Nilivyogombea Pembe za Mungu

Jumamosi, 22 Aprili

Mkutano wa kilinge chetu, sisi waumini wa miungu ya kale, sebuleni kwa Rowena Tuckett. Habari kubwa! Mzee Cedric, kuhani wetu mkuu wa kiume, amesalimu amri. Magoti yamemshinda. Anahamia Wales kwa binti yake, na ameondoka na pembe zake.

Kiti kiko wazi!

Rowena ndiye kuhani mama. Alikuwa nesi wa shule miaka thelathini, kwa hiyo hakuna anayethubutu kumkatiza. Akatangaza kwamba Mei Mosi, kwenye Beltane, sikukuu yetu ya kukaribisha kiangazi, mwanaume mmoja atavikwa taji la maua na kusimama kwa niaba ya Mungu wa Pembe, bwana wa misitu, mume wa Mama wa Mwezi. Huyo ndiye atakayekuwa kuhani mkuu. Jina atalitaja siku hiyohiyo. Kwa sasa anamsikiliza Mama wa Mwezi, labda atatoa ishara.

Wanaume tumebaki wawili. Mimi, Clifford Ogbourne, na Piers Hallett, daktari wa meno. Mimi nina miaka tisa kilingeni. Miaka tisa nasimama upande wa magharibi na jagi, kwa sababu magharibi ni upande wa maji na mtu fulani lazima ashike jagi. Piers ana miezi minane. Ana ndevu. Ana mabega. Akisema "ubarikiwe", madirisha yanatetemeka.

Nimejitazama kwenye kioo. Kidevu changu kinaishia mapema mno. Lakini akili ninayo. Kama Mama anahitaji ishara, atasaidiwa.

Jumapili, 23 Aprili

Mke wangu Hilary karudi kutoka kwaya ya kanisa. Nikampa habari. Akauliza huyo Mungu wa Pembe kazi yake nini hasa. Nikamweleza: mwitu, uwindaji, nguvu za dume porini. Wakati huo nilikuwa navaa soksi za sufu.

"Wewe, Cliff? Juzi si ulikimbizwa na bata?"

Alikuwa bata bukini. Kuna tofauti kubwa sana.

Nimeketi na vitabu mchana kutwa. Nimegundua udhaifu wangu: sina mungu wa kike aliye karibu nami. Piers ana Brigid, mwenye moto na ushairi. Doreen Spurway ana Cerridwen, mwenye chungu cha hekima, na kweli keki zake si za kawaida. Rowena hasemi wa kwake. Anashikilia kwamba miungu wote wa kike ni mmoja mwenye nyuso nyingi. Piers anashikilia kwamba kila mmoja ni mtu wake na ukikosea jina ananuna. Mimi siku zote nimekubaliana na aliyesema mwisho.

Basi nimemchagua Hecate, mama wa njia panda. Hakuna aliyemchukua. Anapenda mayai, samaki, asali na vitunguu saumu. Unamwekea njia panda. Akipokea, umekubaliwa.

Na mimi nitahakikisha kuna shahidi.

Jumatatu, 24 Aprili

Saa moja asubuhi nimeweka sahani pale barabara zinapokutana, karibu na kituo cha basi. Sahani nzuri, ya harusi yetu. Kisha nikampitia Rowena, nikamwambia nina hisia za ajabu, tutembee kidogo.

Tukajibanza nyuma ya ua wa miti. Haikupita dakika tano, likatokea jibwa kubwa la kahawia. Likala mayai. Likala samaki. Likalamba asali mpaka sahani ikang'aa!

Rowena akanishika mkono kwa nguvu. Machozi yalimlengalenga. Akaninong'oneza kwamba mbwa ni mnyama wa Hecate, kwamba katika miaka yote hajaona sadaka ikipokelewa waziwazi namna ile. Nikainamisha kichwa kwa unyenyekevu. Nilikuwa nimeufanyia mazoezi bafuni.

Mara mluzi.

"Biskuti! We Biskuti! Unakula nini tena huko?"

Piers. Mbwa ni wa Piers.

Rowena akamtazama mbwa, akamtazama Piers. Kisha akasema polepole, kumbe Mama anatuelekeza kwa Piers. Nikasema huenda mbwa alikuwa na njaa tu. Akanijibu kwamba kwa Hecate hakuna "tu".

Sahani nimeiosha mara tatu. Bado inanuka samaki.

Jumatano, 26 Aprili

Mpango wa pili. Ndoto! Ndoto haina mbwa.

Nimemkuta Rowena bustanini. Nikamwambia Mama wa Mwezi amenijia usingizini na kusema, "Atakayevaa pembe ni yule abebaye maji." Nilitumia sauti nzito. Nikakohoa mwishoni, lakini nadhani haikuharibu.

Akaweka jembe chini. Akauliza alikuja kwa uso upi, maana Mama ana nyuso tatu: msichana, mama mzazi, na bikizee. Sikuwa nimejiandaa. Nikafikiri haraka: bikizee ndiye mwenye hekima, na Rowena anapenda hekima. Nikasema bikizee. Kwa kunogesha nikaongeza kwamba alifanana na yeye, Rowena, kabisa kabisa, mpaka nywele.

Akaliokota jembe lake.

Rowena ana miaka hamsini na minane. Kumbe.

Nimepewa kazi ya kusugua vikombe vyote vya ibada. Viko kumi na saba. Doreen aliyekuwa anapita kauliza nimefanya nini. Nikasema nimejitolea.

Alhamisi, 27 Aprili

Labda tatizo ni mwonekano. Mtu hawezi kumwona Mungu wa Pembe kwa mtu asiye na pembe. Katika korido yetu kuna kining'inizio cha kofia, cha pembe za kulungu, urithi wa Hilary kutoka kwa baba yake. Kimekaa pale miaka yote kikishika kofia. Aibu kwa kulungu.

Nimekata pembe kwa msumeno. Nimezifunga kwenye kofia ya baiskeli kwa gundi na kamba. Nzuri ajabu! Nikiinamisha kichwa zinayumba kidogo kulia.

Hilary karudi, kakuta kofia zake sakafuni. Akasimama muda mrefu akiutazama ukuta. Hakupiga kelele. Alisema tu kwamba baba yake alimpa kile kitu siku tuliyohamia hapa, kwa mikono yake. Kisha akaenda jikoni.

Nikampelekea chai. Akaipokea bila kunitazama.

Zitarudishwa. Baada ya Mei Mosi nitazigundisha vizuri, hata hatajua.

Ijumaa, 28 Aprili

Mpango mkubwa kuliko yote! Nashangaa sikuuwaza mapema.

Ibada itafanyika kwenye kichaka cha miti mwishoni mwa shamba la Bwana Yeo. Kwenye uwanda wa jirani anakaa dume lake la kondoo, aitwaye Askofu. Pembe zimejikunja mara mbili. Sasa fikiria: Rowena anainua mikono, anamwita Mungu wa Pembe, na mnyama mwenye pembe anatoka vichakani, anapita kila mtu, anakuja kusimama mbele ya Clifford Ogbourne. Nani atabisha?

Nimeanza mafunzo. Ndoo ya chakula cha kondoo, naitikisa, naita, "Njoo, bwana mkubwa!" Mara ya kwanza alinitazama tu. Mara ya nne alikuja mbio. Mara ya saba aliniingizia pua mfukoni. Tunaelewana kama ndugu.

Nilijiuliza kidogo kama hii inavunja kanuni yetu, kwamba fanya upendalo ilimradi usimdhuru yeyote. Nimeridhika. Askofu anashiba. Nani kadhurika?

Jumapili, 30 Aprili

Piers kanifuma uwandani na ndoo. Nikasema namsaidia Bwana Yeo. Akasema vizuri. Kisha akaanza kujikunakuna ndevu.

"Kaka Cliff, nikwambie ukweli. Mimi hilo taji silitaki. Nimemwambia Rowena akupe wewe. Wewe ndiye uliyenionyesha pa kusimama siku ya kwanza. Mimi hata jagi nisingelishika miaka tisa."

Akanipiga bega, akaenda zake na Biskuti, ambaye bado ananuka vitunguu saumu.

Ujanja ulioje! Anataka nilegeze kamba. Nimemwongezea Askofu mgao mara mbili, na nimeacha lango la uwanda limefungwa kwa kamba laini tu. Ukivuta mara moja, linafunguka.

Jumatatu, 1 Mei

Naandika nikiwa nimelala kifudifudi.

Tulianza saa nane mchana. Jua zuri. Wote kumi na mmoja tumevaa kanzu za kijani, maua kila mahali. Nilikuwa magharibi na jagi langu, mgongo kwenye lango la uwanda. Mifuko yote miwili imejaa chakula cha kondoo. Chini ya kofia ya kanzu nilikuwa na pembe zangu. Nilitembea kama mtu aliyebeba kabati kichwani. Doreen aliniuliza kama shingo inauma.

Rowena akafunga duara kwa kisu cha ibada, akaita pande nne, akasimama katikati na taji la maua ya miiba mkononi. Lazima niseme ukweli: alipomkaribisha Mama wa Mwezi, uso wake ulibadilika. Akawa mtulivu, kama mtu anayesikiliza watoto wakicheza mbali. Hata mimi nilisahau mipango kwa muda. Labda sekunde kumi.

Akaanza kusema. Akasema Mungu wa Pembe si kelele wala kifua kipana. Ni yule anayekuja kila msimu, mvua ikinyesha au isinyeshe, bila kuombwa. Nikajua huyo ni Piers anayesifiwa. Sikungoja. Nikavuta kamba ya lango. Nikavua kofia ya kanzu, pembe zikachomoza. Nikatikisa mfuko.

Askofu alitoka kama ilivyopangwa. Akaja mbio kama ilivyopangwa. Watu wakashtuka, "Ooh!" Kama ilivyopangwa!

Kisha akaona pembe zangu.

Hakuna aliyeniambia kwamba dume la kondoo halipendi kukuta dume jingine kwenye eneo lake. Akasimama. Akarudi hatua mbili nyuma. Nikamwambia, "Bwana mkubwa, ni mimi." Akainamisha kichwa. Nami nikainamisha changu, kwa heshima. Kumbe kwa kondoo hiyo ndiyo salamu ya vita.

Nilizunguka duara mara tatu. Jagi lilimwagika lote. Pembe ya kulia ilichomoka ikaingia kwenye keki ya Doreen. Rowena alipiga kelele, "Clifford, tupa hicho chakula!" lakini mifuko ya kanzu ni mirefu na mkono wangu ulikwama humo. Mzunguko wa tatu Askofu alinipata. Nyuma. Niliruka, nikatua magharibi, mahali pangu pa siku zote.

Piers alisogea mbele, taratibu kabisa. Akamshika Askofu pembe moja kwa mkono mmoja, akamnong'oneza kitu. Askofu akatulia. Kumbe Piers kakulia shambani. Wakasimama hivyo, mtu na mnyama, jua nyuma yao, ndevu zikimeta. Doreen akapiga magoti, nadhani bila kukusudia.

Rowena alinitazama pale majanini kwa muda mrefu. Kisha akamvika Piers taji.

Faraja moja: taji lilikuwa dogo. Lilimkalia utosini kama kikombe juu ya tikiti. Ilibidi alishike kwa mkono mpaka mwisho.

Jumanne, 2 Mei

Rowena kaja na barafu na mto wa kukalia. Unesi haumwishi mtu. Nikamwomba radhi. Nikakiri kuhusu ndoo, ndoto na sahani. Akasema alijua kuhusu ndoto.

Kisha akaniuliza kama niliona taji lilivyokuwa dogo kwa Piers. Nikasema niliona, tena nilifurahi. Akavuta pumzi.

"Clifford, lile taji nililisuka kwa kipimo cha kichwa chako. Hilary ndiye aliyenipa, wiki iliyopita. Nilishaamua zamani. Jina lako lilikuwa mdomoni. Yule anayekuja kila msimu bila kuombwa, ulidhani nani?"

Nikauliza kama sasa inawezekana kubadilisha. Akasema Mungu akishakaribishwa kwa mtu, havuliwi kama koti. Piers ni kuhani mkuu kwa mwaka mmoja, na amepokea akilalamika. Tena yeye ndiye aliyeomba nibaki na jagi.

"Hukuhitaji kufanya kitu chochote," Rowena akaniambia mlangoni. "Chochote kile. Ungesimama tu."

Alipoondoka, Hilary alikuja kukaa ukingoni mwa kitanda. Nikamuuliza kwa nini alitoa kipimo, hali yeye ni mtu wa kanisani na haya mambo anayacheka. Akasema anayacheka, ndiyo, lakini miaka tisa ananiona nikitoka na jagi, na alitaka siku moja nirudi na kitu kichwani. Halafu akaniambia nisogee, akanipaka dawa. Hakuwa mpole sana na mkono. Nilistahili.

Jumatano, 3 Mei

Leo nimeweza kukaa, kwa upande wa kushoto. Nimetafakari maneno ya Rowena kwa kina, asubuhi nzima, na nimeyaelewa.

Kosa lilikuwa kondoo.

Mnyama mkubwa, kichwa kigumu, hana shukrani. Kitu kidogo zaidi kingefaa. Na nafasi nyingine ipo! Siku ya katikati ya kiangazi kuna pambano la Mfalme wa Mwaloni na Mfalme wa Mti-miiba, kila mmoja akitawala nusu ya mwaka, mbele ya kilinge kizima. Piers, kwa cheo chake, atakuwa Mwaloni. Mpinzani hajapatikana. Rowena anasema kwa kawaida wanapigana kwa fimbo za sponji na hakuna anayejali nani anashinda.

Mimi najali.

Mchana nimepita kwa Doreen, kumwomba radhi kuhusu keki. Ana mizinga sita nyuma ya nyumba. Anasema nyuki humfuata mtu ambaye harufu yake wanaijua, na ni wapole kabisa ukiwazoea.

Nina wiki saba za kuwazoea.