Barua kwa Fundi Cherehani

Jumatatu, 3 Machi
Nimeuona mwanya wa kumpata fundi cherehani! Mpinzani wangu, fundi simu, anamtumia maua ya kwenye simu kila asubuhi. Maua yasiyonukia! Dawa ya moto ni moto, wanasema. Mimi nasema ni karatasi. Nani siku hizi anaandikiwa barua ya mkono? Hakuna. Basi uwanja wote wangu. Nimenunua karatasi za bluu na kalamu ya wino. Dada kasema mwandiko wangu ni wa kuku, nimtumie ujumbe kama watu. Wivu tu. Hajawahi kuandikiwa.

Jumanne, 4 Machi
Kurasa tatu! Ukurasa wa pili umeniliza mwenyewe. Karani wa posta kaenda kutafuta stempu chumba cha nyuma, karudi na vumbi kichwani. Akauliza kama ni barua ya kesi. Nikamwambia ya mapenzi. Akanipa pole.

Ijumaa, 7 Machi
Imefika! Nimepita kibandani kwa fundi cherehani nikijifanya natafuta vifungo. Kaniambia barua kaipata, ila hakuambulia hata neno. Alidhani imeandikwa na daktari. Basi kaikimbiza duka la dawa, na mfamasia kamsomea yote bila kukwama. Kwa sauti. Mara mbili! Kumbe nina mwandiko wa kidaktari! Nimemsimulia Dada. Akauliza kama huyo mfamasia ameoa. Maswali gani hayo?

Jumatano, 12 Machi
Barua ya nne. Mambo yanaiva! Siku hizi anazipeleka kusomewa hata kabla hajazifungua. Maua ya fundi simu hayajibiwi, kanuna huyo! Mfamasia muungwana kweli, hata kiti kamwekea. Nimempelekea soda kumshukuru.

Jumamosi, 29 Machi
Wanaoana. Fundi cherehani na mfamasia! Eti maneno yale, kwa sauti ile, yamemlegeza. Maneno ni yangu! Roho inaniuma. Maji yakimwagika hayazoleki. Nimekaa benchi moja na fundi simu, tunagawana soda.

Jumapili, 27 Aprili
Kumbe fundi cherehani ana mdogo wake, msusi! Jana harusini kaniuliza mbona nimenyong'onyea. Macho yale! Kosa langu nimeligundua: barua zilikuwa fupi. Yake ina kurasa saba. Dada kanisihi nipige simu. Simsikilizi. Msusi akishindwa kusoma, si duka la dawa lipo? Mfamasia yuko fungate, kamwachia duka kaka yake. Kapera, sauti nzito kuliko ya mfamasia. Hayo hayanihusu.