Saluni ya Wote, Msambweni

Jumatatu, 6 Oktoba
Nimepata! Duka langu la kinyozi linageuka saluni ya wote, wanaume kwa wanawake. Diani zipo, sisi tuna kasoro gani? Mzee Kheri, babake Hanifa, alisema wazi kuwa bintiye haolewi na mtu wa kiti kimoja. Haya, sasa viti ni viwili. Cha pili nimekitoa jikoni kwa mama. Abdulwahab, kinyozi wa ng'ambo ya barabara, ameniuliza kama naumwa. Kijicho tu.

Jumanne, 7 Oktoba
Hakuingia mwanamke hata wa dawa. Jumwa, binamu yangu msusi niliyemtoa Kinango, ameshinda akipiga miayo. Ameniuliza ni mwanamke gani wa hapa atakayevua mtandio mbele ya wanaume wanaonyolewa ndevu. Sikuwa nimelifikiria hilo. Jioni nimetundika shuka ya maua katikati ya duka. Nani kama mimi?

Jumatano, 8 Oktoba
Wamejaa! Upande wa Jumwa hapana pa kukanyaga. Ajabu, hawasukwi. Wamekaa kimya, wengine sikio limegusa shuka. Upande wangu wanaume wanamwaga yote, kama ilivyo ada yao wakishakaa kwa kinyozi: nani alidanganya yuko matangani, nani ana simu ya pili. Nimemwambia Jumwa kina mama wa pwani wana adabu, hawapigi kelele. Amenitazama sana.

Alhamisi, 9 Oktoba
Mzee Kheri mwenyewe! Shikamoo yangu ilitoka kabla hajavua viatu. Amesifu viti, akasema kesho baada ya sala nipeleke wazee wangu kuposa. Machozi yalinilengalenga. Kisha, povu likiwa shavuni, akanisimulia kuwa Vanga haendi kununua kaa kama anavyodai nyumbani. Ana mjane huko, anataka kumuoa, na mkewe Bi Ummi hana habari.
Bi Ummi alikuwa kiti cha pili. Ameing'oa shuka, akajitanda nayo, akatokea nusu kichwa kimesukwa. Kina mama wakagombania mitandio. Mzee ametoka mbio na povu lake, na wanaume wote nyuma yake, moja kwa moja mpaka kwa Abdulwahab.

Ijumaa, 10 Oktoba
Hakuna posa. Mzee Kheri ameapa hataki kuniona. Hanifa ameniletea salamu kuwa baba analala barazani na yeye analia chumbani. Nampenda yule binti. Hata biriani ya mama nimeiacha sahanini.

Jumamosi, 11 Oktoba
Nimepata! Kosa lilikuwa msumari wa shuka, ulikuwa mdogo. Nimepigilia ule wa kuezekea. Bi Ummi anasema mzee hana sauti tena nyumbani, posa sasa itapokewa na ami yake Hanifa, Bwana Abubakar. Nimemwalika Jumatatu nimnyoe bure, akae, azungumze kwa raha zake. Bi Ummi amefurahi mno. Ameomba nafasi karibu na shuka, yeye na mke wa Bwana Abubakar. Ukoo mzima ndani ya duka moja! Abdulwahab atakoma.