Kufuli la Shemeji

Amri ya mahakama ilikuwa imebandikwa mlangoni kwa gundi mbichi, na kufikia saa tatu asubuhi ilikuwa imeshasomwa mara tano bila kueleweka hata mara moja.

"Hebu soma tena," alisema Bi Birika, muuza kahawa, mikono kiunoni. Miaka kumi na tisa alikuwa akikifungua kibanda kile kabla jua halijapasha bati lake. Leo alisimama nje. Juzi jioni shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, alikuwa ametia kufuli lake jipya mlangoni, akisema kibanda na kiwanja ni vyake tangu zamani, na Bi Birika alikaribishwa tu. Jana Bi Birika alikimbilia mahakamani kuomba zuio.

Korido alivaa miwani yake yenye mguu mmoja. Jina hilo alilipata kwa kufagia korido za mahakama miaka kumi na moja, na sheria yote aliisikilizia mlangoni.

"Zuio la muda," alisoma. "Mpaka kesi isikilizwe, pande zote mbili zisivunje, zisiongeze wala zisiondoe chochote. Kila kitu kibaki kama kilivyo leo."

"Basi nimeshinda!"

"Umeshinda, mama. Ila huingii."

"Siingii vipi? Si niliomba mimi hilo zuio?"

"Na umepewa. Sasa linazuia. Kufuli nalo ni la leo. Ukilivunja, umeidharau mahakama."

Pancha, fundi baiskeli, alicheka mpaka pampu ikamtoka mkononi. "Yaani mtu kaomba mwavuli, kapewa, halafu kaambiwa asiufungue!"

"Cheka tu, baba. Birika langu limo ndani, na wewe hujatia kitu kinywani tangu uamke."

Kicheko cha Pancha kikakatika hapohapo.

Kinyozi akainuka kwenye benchi, akijipangusa vinyweleo kifuani. "Mie narudi dukani. Nimemwacha mteja na nusu kichwa."

"Kaa!" Korido alifoka. "Benchi limo ndani ya mpaka. Amri imekukuta umekalia. Ukiondoka, umepunguza."

"Nimepunguza nini?"

"Kinyozi mmoja."

Kinyozi akakaa tena, taratibu.

"Na huyu je?" Pancha alionyesha chini ya bati, kwenye beseni bovu lililotandikwa matambara. Kuku wa Bi Birika, yule wa madoa shingoni, alikuwa ameatamia mayai kumi na moja. "Keshokutwa anatotoa. Vifaranga kumi na moja si kuongeza?"

Korido akajikuna kisogo. Hilo halikuwahi kuzungumzwa koridoni. "Itabidi apewe nakala."

"Nani, kuku?"

"Asije akasema hakujua."

Bi Birika alicheka, lakini moyoni hakukuwa na kicheko. Kesi ilikuwa baada ya siku kumi na nne. Siku kumi na nne bila moto, wateja wote wangezoea vikombe vya watu wengine, na mteja aliyekwisha kuzoea mahali pengine ni maji yaliyomwagika. Angeshinda kesi, akarudi kukaa na kuku wake.

Mara shemeji akatokea, amekosea vifungo vya shati, jasho linamtiririka. Alifika mpakani, akasimama kama aliyefika ukingo wa mto.

"Umeamkaje, shemeji?"

"Nimeamkia nje, shemeji. Sijui wewe."

"Mimi salama. Ila nina shida ndogo. Nifungue dakika moja tu."

"Thubutu!" Korido akaruka. "Amri hiyo hapo, gundi haijakauka!"

"Jamani, mkoba wangu umo ndani! Juzi niliingia kupima ukuta, nikauweka rafuni, nikafunga kwa haraka. Karatasi zangu zote za kiwanja zimo humo, na wakili anazitaka leo!"

Pancha alishika tumbo. "Mwanamume kaufungia ushahidi wake mwenyewe!"

Bi Birika angeweza kumwacha aungue. Akafikiria birika. "Korido, tukikubaliana je?"

"Mkipatana wenyewe, mahakama itagombana na nani?"

"Basi sikiliza, shemeji. Chukua mkoba wako, uondoke na kufuli lako. Mimi niwashe jiko langu."

"Sawa, sawa, sawa!"

Alikimbilia mlangoni. Akaitazama sakafu, akavua ndara, akazipanga upande kwa upande. Akafungua kufuli, akausukuma mlango kiasi cha shubiri, akakohoa kidogo.

"Hodi!"

"Karibu, shemeji," Bi Birika aliitikia kutoka pale nje, bila hata kufikiri.

"Ahsante." Akaingia.

Korido akavua miwani polepole.

"Jamani. Nani kapiga hodi?"

"Yeye," alisema Kinyozi.

"Na nani kamkaribisha?"

"Bi Birika," alisema Pancha. "Tena akiwa nje!"

"Sasa nyie mashahidi wangu, mtu hupiga hodi kwake?"

Ndani, mkoba ulianguka chini, pu! Kichwa cha shemeji kikachomoza mlangoni, macho yamemtoka. "Ile haikuwa hodi! Nilikuwa nakohoa!"

"Ukakaribishwa kukohoa?"

"Basi naifuta! Naifuta hodi yangu!"

Bi Birika alimpita pale mlangoni, akalishusha birika lake, akalipangusa vumbi kwa ncha ya kanga.

"Imeshaitikiwa, baba, haifutiki," alisema. "Na siku nyingine ukija, piga vivyo hivyo."