Kuhusu Faili Lililofagiliwa Kabla ya Ramadhani

Nefta, 5 Ramadhani

Kwa Waheshimiwa Wahandisi,
Kampuni ya Programu ya Barua Pepe ya Njiwa.

Waheshimiwa,

Yah: FAILI LENU KUTUMIWA NA WATU WENGI BILA SISI KUAMBIWA

Nawatakia afya njema, na saumu nyepesi kwa wanaofunga. Mimi ni Yosr Gharsalli, mwanafunzi, miaka kumi na mitano. Mwalimu wetu alitufundisha kwamba mlalamikaji mwenye adabu hueleza kwanza shida yake, ndipo akasirike.

Shida yangu ni hii. Nimefaulu mtihani wa kuingia shule ya wanafunzi bora huko Sfax. Bweni limejaa, na usajili unafungwa tarehe kumi na mbili mwezi huu. Babu yangu, Mabrouk, alimwandikia ndugu yake Lazhar, anayeishi Sfax, kumwomba nikae kwake. Babu huandika kwa Njiwa yenu tangu nikiwa mtoto wa kubebwa. Siku moja alasiri, wiki iliyopita, jina la ndugu yake likatokea kwenye kompyuta. Jibu limefika! Babu akaenda kutafuta miwani.

Alipokuwa akiitafuta, Shangazi Dalenda akaingia na ndoo. Ilikuwa siku tatu kabla ya Ramadhani, na nyumbani kwetu kila kitu ambacho hakijatumika mwaka mzima hutolewa kabla mwezi haujaandama. Alikuwa amemaliza magodoro na mazulia. Akafunga madirisha ya chumba na ya kompyuta, akaanza kuitoa programu ya kudarizi aliyoinunua akaichoka. Babu aliporudi na miwani, Njiwa haikufunguka tena. Iliandika tu kwamba faili moja halionekani.

Sasa naomba kukasirika kwa mpangilio.

1. Kumbe faili lile halikuwa la programu ya kudarizi peke yake. Fundi Chedly anasema ni faili la maktaba ya pamoja: kazi fulani zimeandikwa humo mara moja, na programu nyingi huchota humohumo, Njiwa ikiwemo. Waheshimiwa, barua za babu yangu zinahusiana nini na maua ya foronya?

2. Jina la faili lina herufi saba, halina irabu hata moja, halafu tarakimu. Hilo si jina, ni kikohozi. Lingeitwa "Barua za Babu, Usiguse", Shangazi asingeligusa. Yeye hasomi vikohozi.

3. Kompyuta ilimuuliza Shangazi: "Faili hili huenda linatumiwa na programu nyingine. Liondolewe?" Huenda! Shangazi aliijibu kwa sauti, nikimsikia kutoka jikoni: "Unaniuliza mimi? Wewe ndiye unayekaa nalo humo ndani! Kama wewe hujui, mimi nitajuaje?" Akabonyeza Ndiyo. Mpaka leo sioni kosa katika hoja yake.

4. Njiwa huichukua barua kutoka posta ya mtandao na kuifuta huko. Kwa hiyo jibu la Babu Lazhar halipo popote duniani ila ndani ya sanduku lenu lisilofunguka. Fundi Chedly alikuja, akatazama, akacheka. "Babu, programu hii ni ya zama za Warumi. Itupe, nikuwekee mpya." Babu akamwambia, "Na barua zangu za miaka kumi na minne nizitupe wapi, mwanangu, mtaroni?" Fundi akanywa maji yake akaondoka. (Ilikuwa bado Shaabani.)

5. Mtasema: si mmuulize tena? Hamtujui. Kwetu mtu akishakupa jibu, kumuuliza mara ya pili ni kumwambia jibu lake hukulijali. Nilimbembeleza Babu. Akaniambia, "Nimpigie Lazhar simu? Aseme Mabrouk amezeeka, neno la nduguye limempotea kama kiatu? Afadhali nife." Bibi akadakia, "Basi kufa baada ya tarehe kumi na mbili, mtoto asajiliwe kwanza." Hawajasemeshana tangu juzi, ila wakati wa kufuturu, maana chumvi ni moja.

6. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba ubaya wote unatokana na vitu vya pamoja. Babu angekuwa na miwani yake mwenyewe, asiyoitumia pamoja na Bibi, angelisoma jibu papo hapo. Darasani natumia dawati moja na Sabrine, anayeandika kwa mkono wa kushoto, na kiwiko chake kimenipotezea alama mbili za jiometri. Hata mwezi! Mwezi ni mmoja, unatumiwa na nchi nyingi, na matokeo yake kila mwaka wengine wanafunga wakati wengine bado wanakula.

Kwa hiyo naomba kwa heshima: (a) kila programu ipewe faili lake, isiguse la mwenzake, (b) kila mtu apewe miwani na dawati lake, (c) kuhusu mwezi, mniambie niandike kwa nani.

Nawaomba mjibu kabla ya tarehe kumi na mbili. Sijui Babu Lazhar alisema nini. Huenda alikataa. Lakini nimeshazikunja nguo zangu za baridi, kimyakimya, ili mtu yeyote asinione.

Wasalimuni wakubwa na wadogo wa ofisi yenu, walinzi wa mlangoni, na mama aliyemzaa yule aliyeandika neno "huenda".

Wenu katika subira,
Yosr Gharsalli

Tanbihi: Posta ilikuwa imefungwa, barua hii ikakaa siku mbili. Katika siku hizo nilikwenda kwa Bwana Mongi wa duka la dawa, ambaye huchapa vibandiko vya chupa kwa kompyuta kongwe kuliko yetu. Faili lilelile lilikuwemo. Nililinakili, nikakaa pale kungoja kompyuta yake ilalamike. Haikulalamika. Iliendelea kuchapa "Kijiko kimoja mara tatu".

Nililiweka kwenye kompyuta yetu, na Njiwa imefunguka. Babu Lazhar ameandika: "Kaka, aje. Atalala chumba kimoja na binti zangu wawili. Kabati moja, taa moja, meza moja kwa watatu. Kama hawezi vitu vya pamoja, asije."

Tafadhali msibadilishe chochote. Naweza.