Viganja Vitatu Kutoka Juu ya Gunia

Jumatatu, 10 Machi

Habari kubwa! Shule ya Abigaëlle itapeleka mwanafunzi mmoja kwenye shindano la hesabu Lubumbashi. Mmoja tu. Wamebaki wawili: binti yangu, na Aicha wa Musafiri. Huyu Musafiri ni jirani yangu. Ana lori la kwenda Dilolo, na kila akirudi hupiga honi mbele ya mlango wangu. Safari hii atanyamaza.

Swali la Madame Rachelle, mwalimu wao: chukua namba tatu zinazofuatana, zizidishe, onyesha kwamba jibu hugawanyika kwa sita siku zote. Jumamosi watasimama ubaoni mbele ya wazazi. Nimemwambia Abigaëlle asiogope, baba yupo.

Jumatano, 12 Machi

Nimeona kazi yake. Aibu! Mistari mitatu! Eti kati ya namba mbili zinazofuatana, moja lazima igawanyike kwa mbili. Kati ya tatu, moja lazima igawanyike kwa tatu. Basi jibu linagawanyika kwa mbili na kwa tatu, yaani kwa sita. Kwisha. Mfano hata mmoja hakuna!

Mimi ndiye ninayeshika mashine ya kupima madini pale depo. Gunia la kobalti halipimwi kwa maneno. Unachota viganja vitatu, mashine inasoma, gunia limejulikana. Hesabu ni hivyo hivyo. Tukachota: 4 × 5 × 6 ni 120, inakubali. 10 × 11 × 12 ni 1320, inakubali. Tumejaza kurasa tisa. Abigaëlle alisema polepole kwamba madame hataki mifano. Nikamkumbusha baba yake ni nani. Akaendelea kuandika.

Ijumaa, 14 Machi

Siku mbaya kazini. Gunia nililopima juzi, safi kabisa, leo patron, bosi wangu, amelimwaga. Juu kobalti, chini udongo mwekundu na nusu tofali. Ameniuliza mbele ya wote kama macho yangu niliyasahau machimboni Kasulo. Nimemweleza kwamba viganja vyangu vitatu vilikuwa sahihi. Watu ndio wabaya.

Jioni nimempigia Abigaëlle sare yake pasi, mimi mwenyewe.

Jumamosi, 15 Machi

Aicha alimaliza kabla sijakaa vizuri. Mistari minne. Makofi.

Abigaëlle alianza na 1 × 2 × 3, akaendelea, nami nimejaa fahari kitini. Ukurasa wa pili Madame Rachelle akamsimamisha. Akamuuliza: "Na ile yenye haukujaribu, nani alikuambia inakubali?" Mwanangu akanitazama. Mimi nikatazama viatu vyangu. Aicha ndiye atakayekwenda. Musafiri alinipa mkono kwa heshima, na hilo limeniuma kuliko honi.

Abigaëlle alitangulia njia nzima. Mlangoni akasema: "Mi nilijua, papa. Ni wewe ulikatala."

Nimejuta. Nimejuta mpaka bukari ya jioni imenishinda kula. Mke wangu Mwadi alisema kwenye gunia na kwenye ubao ni mkono ule ule. Sikumwelewa.

Jumatatu, 17 Machi

Mungu ni mwema! Madame Rachelle amepita nyumbani. Alijua ile kazi haikuwa ya Abigaëlle. Lubumbashi wana nafasi moja ya ziada: mtoto aandike uthibitisho wake mwenyewe, bila kusaidiwa na mtu. Aliposema "mtu" aliniangalia mimi. Nimepewa kazi moja tu: Alhamisi kuifikisha bahasha kwa dereva wa basi.

Abigaëlle amechagua namba nne zinazofuatana, kwamba zikizidishwa hugawanyika kwa 24. Nusu ukurasa. Leo amecheka kidogo wakati wa kula. Sijagusa kitu.

Alhamisi, 20 Machi

Nilitaka tu kurekebisha kosa langu. Nusu ukurasa, nani atapewa nafasi kwa nusu ukurasa?

Jana niligundua jambo. Zidisha namba mbili zinazofuatana, ongeza 41, na jibu haligawanyiki kwa kitu, ila kwa moja na kwa lenyewe. 1 × 2 + 41 ni 43. 2 × 3 + 41 ni 47. Nilianza na moja nikafika thelathini na tisa, simu niliyopigia hesabu ikazima. Thelathini na tisa! Si viganja vitatu tena, mtu asiseme sijifunzi. Nikaiandika vizuri, nikaongeza "siku zote", nikaweka jina la Abigaëlle. Asubuhi nikaitia ndani ya bahasha, pamoja na nusu ukurasa wake, bahasha nikampa dereva.

Jioni nikamwambia Abigaëlle, nikidhani ni zawadi. Aliuliza kama nilijaribu arobaini. Nikasema simu. Akaandika kwa kidole kwenye unga uliomwagika mezani: arobaini mara arobaini na moja, ongeza arobaini na moja. Yaani arobaini na moja mara arobaini na moja. Inagawanyika. Na pale chini kuna jina lake, si langu.

Alifuta unga kwa kiganja, akaingia chumbani bila kula. Basi la Lubumbashi lilishapita Likasi zamani.

Najuta sana. Moyo unaniuma kweli. Kosa lilikuwa kuchagua 41. Sasa ninajaribu na 17. Nimefanya saba, zote zinakubali.