Ombi la Kumpandisha Cheo Mbunge Wetu Kabla ya Tarehe 13 Oktoba

Mbithe Kyalo,
Kitalu cha Miche, Kwa Ngulu,
Machakos.
30 Septemba.

Kwa Katibu Mkuu wa Chama,
Makao Makuu, Nairobi.

Ndugu Katibu Mkuu,

Pokea salamu za watu wenye tope hadi kwenye nyusi. Mimi ni mwenye kitalu cha miche na katibu wa mwethya wa hapa kwetu, yaani watu arubaini wa kijiji kimoja tunaofanyiana kazi kwa pamoja, bila kulipwa na bila kuhutubiwa. Nilianza na makopo kumi na tano ya mafuta ya kupikia niliyookota nyuma ya hoteli. Leo niko na miche 6,300 ya michungwa, miparachichi na mipapai, na wateja kutoka Mitaboni hadi Katelembo. Sijisifu. Nataka tu ujue kwamba anayekuandikia anajua kuhesabu.

Naandika kumsifu mbunge wetu, Mheshimiwa Lenny Musau, na kuomba chama kimpandishe cheo haraka, kwa maana bidii yake imetushinda nguvu.

Mheshimiwa alikuwa mwakilishi wadi huko Nairobi kwa miaka kumi, na alikuwa mzuri. Dada yangu Wanza anaishi katika wadi ile. Anasema bomba la majitaka likipasuka, Musau alikuwa akifika na gambuti kabla ya harufu. Katika miaka hiyo kumi alikuja nyumbani Krismasi saba na mazishi mawili, akala, akaenda, na sisi tukaendelea na kazi. Hakuna aliyelalamika. Halafu mkampa tikiti ya ubunge, akarudi kwetu na gambuti zake.

Shida zetu ni hizi:

1. Silanga yetu, bwawa la udongo tunalotegemea, ilijaa tope, na mvua ya Machi ilipotupita ikakauka kama uwanja wa mpira. Tulimpigia Mheshimiwa simu kumweleza. Akasema, "Mama Mbithe, tope ni kazi yangu, nimeikulia." Wiki iliyofuata alituletea kutoka jijini lori la kunyonya maji ya vyoo. Dereva aliteremka akatazama silanga kavu, akatazama mpira wake wa kunyonyea, akauliza choo kiko wapi. Lori lilikwama kwenye mchanga, tukalisukuma watu arubaini kuanzia saa tatu hadi saa nane. Hatukunyonywa kitu isipokuwa jasho.

2. Mwezi uliofuata alitupa mapipa kumi na mawili ya taka yenye picha yake, katika kijiji ambacho maganda yanaliwa na mbuzi na karatasi inawasha moto. Tunashukuru. Tunaweka kunde ndani, na mdudu haingii. Nafikiri anaogopa picha.

3. Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Tulipoona hivyo tuliamua kuchimba kwa mikono, kila Jumanne na Alhamisi, kama walivyochimba mama zetu. Mtu mmoja hubeba makarai thelathini ya tope kwa asubuhi moja. Zidisha kwa arubaini, ni makarai 1,200 kwa siku. Nilipima silanga kwa kamba nikapata makarai 48,000, yaani siku arubaini za kazi. Tangu mwisho wa Aprili hadi jana tumekuwa na siku za mwethya arubaini na tano. Mbili tulikuwa mazishini. Siku thelathini na moja tulichimba. Zilizobaki kumi na mbili alizichukua Mheshimiwa.

Usidhani alikuja mara kumi na mbili. Alikuja mara nne, na kila mara hula siku tatu. Siku ya kwanza tunatengeneza barabara ili gari lake lifike, na kupaka mawe chokaa. Siku ya pili tunamngoja kuanzia asubuhi, anafika saa tisa, anatuomba dakika mbili na kuchukua sabini na tano. Nilimpima kwa saa. Siku ya tatu hatuelewani kwa sababu ya leso. Huleta leso ishirini na tano, na kina mama kwenye mwethya ni thelathini na wanne. Mara nne mfululizo ameleta ishirini na tano. Huyo ndiye mnayempa bajeti ya taifa apitishe.

4. Na kwa nini huja Jumanne au Alhamisi? Nilimuuliza kwa heshima. Alisema, "Hizo siku ndizo watu wanakuwa wamejitokeza." Ndugu Katibu, huyu ni mtu wa jijini. Akiona watu arubaini mahali pamoja, kwake huo ni mkutano uliokosa mgeni rasmi. Hajui kwamba watu wanaweza kukusanyika wakiwa na kazi. Kamanthe, ambaye ana miaka sabini na moja na hubeba makarai yake thelathini kama sisi wengine, alisema, "Huyu mtoto akituona tumeinama na majembe anadhani tunamsujudia."

5. Juzi tumeletewa barua kwamba Jumanne tarehe 13 Oktoba Mheshimiwa atakuja kuzindua rasmi uchimbaji wa silanga. Tumeshatoa makarai 37,200, naye anakuja kutoa la kwanza.

Sasa sikiza hesabu. Yamebaki makarai 10,800, siku tisa kamili. Oktoba iko na Alhamisi tano na Jumanne nne, jumla tisa. Novemba mvua inaingia. Ikikuta silanga haijaisha, tope litashuka tena na maji hayatapita magoti. Kufikia Januari yatakuwa yamekwisha, na miche 6,300 hainyweshwi kwa leso. Nikiipoteza narudi kwenye makopo kumi na tano, nikiwa na miaka hamsini na mbili. Ng'ombe wa jirani yangu Nzuki watakwenda kutafuta maji, na kila mwaka wa kiangazi huwa wanaenda wengi na kurudi wachache. Siku tisa za kazi, siku tisa za kalenda. Siko na hata moja ya kumkaribisha Mheshimiwa.

Kwa hivyo naomba mmpandishe. Nimelifikiria bila haraka. Mkimfanya gavana, kaunti iko na wadi arubaini, kwa hivyo tutampata mara chache, lakini bado tutampata. Mkimfanya seneta ni vivyo hivyo, na muda wa kuzunguka atakuwa nao mwingi zaidi. Ubalozi ungefaa, hasa nchi ya baridi yenye mabomba ya zamani, ila makaratasi yake huchukua miezi. Nikaona tiba ni moja: mumtangaze mgombea urais. Mkimtangaza tarehe 12, tarehe 13 atakuwa Lodwar akiomba kura. Akishinda ndiyo bora zaidi. Rais hufika mahali kama kwetu mara moja kwa miaka kumi, na wiki moja kabla yake inakuja lami.

Taifa lisiogope. Ana mapipa kumi na mawili ya wema na lori moja la hasara, na wengine wametawala kwa chini ya hapo.

Wasalimie watu wa ofisi, mlinzi wa langoni aliyeniandikisha jina mara tatu nilipokuja Juni, na yule binti wa chai. Kamanthe anakusalimu, na Nzuki pia.

Ni mimi, mwenye jembe mkononi,
Mbithe Kyalo,
Katibu wa Mwethya.

N.B. Kabla sijafunga bahasha, kina mama wamekuja hapa na kunipitisha nigombee uwakilishi wadi mwakani kwa tikiti ya chama chako. Sikuitafuta, lakini sauti ya watu haikataliwi. Kesho Alhamisi nimewaambia waache makarai nyumbani, waje na viti, niwashukuru kwa dakika mbili. Naomba basi msimpeleke Mheshimiwa Lodwar kabla ya tarehe 13. Nahitaji aniinue mkono mbele ya watu, na safari hii alete leso thelathini na nne. Kuhusu silanga, nimeipiga ile hesabu upya, na siku moja mbili si kitu.