Gauni Langu la Buluu na Umaskini wa Bi Mirasol

Kwako Mwongozaji Ildefonso Carrasco, pamoja na heshima zote unazostahili, kama zipo,

Mimi ni Teofila Magsino, dobi wa uchochoro uleule wa Navotas mlikopigia filamu yenu ya dobi maskini anayemsomesha binti yake. Nimeitazama. Nina malalamiko.

1. Bi Mirasol, mwigizaji wenu, anafua amekaa kwenye kiti! Tangu lini? Sisi tunachuchumaa mbele ya beseni mpaka miguu inakufa ganzi. Na povu lote lile, alikuwa anaogesha nyati? Eti kapewa tuzo. Mimi hata asante ya mdomo sijaiona.

2. Mlikuja kuazima gauni. Nikawapa la buluu, jipya, nililojiwekea nivae kwenye mahafali ya binti yangu Luningning. Mtu wenu wa mavazi akaligeuzageuza, akasema, "Mama, hili halina umaskini." Akalichana begani, akalipaka masizi! Bwana we, umaskini wetu huvaa nguo safi. Kufua ndiyo kazi yetu.

3. Kwetu mtoto akifaulu vizuri, mama ndiye hupanda jukwaani kumvisha nishani. Bi Mirasol kapanda analia, kamasi hadi kidevuni. Nani kawaambia tunalia hivyo? Sasa jirani yangu Pura, kila nikipita: "Mirasol wa bandia huyooo! Siku yako usisahau kamasi, bibie!" Uchochoro mzima kicheko.

4. Kwa hiyo tuzo irudishwe, kipande cha jukwaani kikatwe, na gauni lije zima kama lilivyotoka. La sivyo Luningning atavishwa nishani na mwalimu kama yatima, maana mama yake hana cha kuvaa. Hilo sitawasamehe.

Wasalimie wapiga picha wote, hasa yule aliyemaliza samaki wetu wakavu akidai anajifunza shida.

Ni mimi, mwenye umaskini halisi,
Teofila Magsino

N.B. Kile kiti mlichokisahau sirudishi. Nafulia hapohapo, miguu haifi ganzi tena. Luningning naye kaisoma barua hii, kanijia juu: "Mama, gauni ni lilelile, na mchaniko wake! Bi Mirasol alipopanda nalo, mimi nilikuona wewe." Basi lileteni hivyohivyo, msilishone. Na tafadhali muulizeni Bi Mirasol, alipandaje zile ngazi bila kujikwaa, na machozi yale yote? Mahafali ni Ijumaa, na mimi kamasi zimeshaanza.